Kipaji ni Mali ya Nani?

Iko karatasi moja ambayo imenisumbua kwa karibu miaka thelathini. Ni barua ya maombi ya uhamisho wa mwanafunzi. Ililala katika droo ya meza yangu kwa wiki saba za mwaka 1996, na siku ilipotoka humo haikuwa na kazi tena. Ndugu msomaji, nataka kukueleza habari ya karatasi hiyo bila kujipaka mafuta, kisha tuulizane pamoja: mtu akilelewa mahali, akapewa mafunzo, chakula na jina, je, mahali hapo panakuwa na haki gani juu yake siku anapotaka kuondoka?

Wakati ule nilikuwa mwalimu wa michezo katika shule moja ya sekondari isiyo mbali na Mwadui. Tulikuwa na kijana wa kidato cha pili, winga wa kulia. Nimeona wachezaji wengi, lakini sijaona tena mtoto aliyekimbia na mpira namna ile. Mabeki walimsubiri kwa mbele, naye akawa ameshapita. Watu walikuwa wakiacha shughuli zao Maganzo, wanakuja kwa baiskeli, jua kali, kumtazama mtoto wa shule. Nami nilisimama kando ya uwanja na filimbi yangu shingoni nikijiona kana kwamba ile miguu nimeiumba mimi.

Shule moja ya Mwanza ikamwona. Ilikuwa na uwanja wa nyasi, bweni, na mwalimu aliyesomea kazi ya ukocha. Wakamwahidi nafasi, na mjomba wake aliyeishi huko akakubali kumlipia ada. Barua ikaletwa. Mkuu wangu wa shule akanikabidhi akisema, "Mwalimu, huyu ni mtu wako. Toa maoni yako, nami nitasaini." Mashindano ya UMISSETA ya mkoa yalikuwa yamekaribia, na mkoa wa Shinyanga wa siku zile ulikuwa mpana, kabla Simiyu haijakatwa kuwa mkoa wake mwaka 2012. Nikaitia barua drooni. Nilijiambia ni kwa siku chache tu. Kila kijana alipouliza, nilimjibu kwamba inashughulikiwa. Mashindano yakaja, tukacheza, tukafika nusu fainali, tukatolewa. Nilipoitoa ile barua, shule ya Mwanza ilikuwa imeshajaza nafasi yake.

Hiyo ndiyo kesi. Sasa nianze kwa kujitetea, maana hata mshitakiwa hupewa nafasi ya kusema.

Utetezi wangu ulikuwa huu: tulimlea sisi. Alipokuja kidato cha kwanza alikuwa akicheza peku. Viatu vyake vya kwanza tulichangishana walimu. Nilimfundisha kutumia mguu wa kushoto, nikamfundisha kuinua kichwa kabla ya kupiga krosi. Je, ni haki mtu apande, apalilie, kisha jirani mwenye jembe la fedha aje kuvuna? Wahenga walisema usiache mbachao kwa msala upitao. Nilimwona kijana kama mtu anayetaka kuacha mbacha wake, nami nikajiona mlinzi wa hekima ya wazee.

Huenda mahali tulipoishi palichangia fikra hizo. Mwadui ni mahali palipojengwa juu ya kitu kinachoondoka. Dk. John Williamson, mjiolojia kutoka Kanada, aligundua almasi pale mwaka 1940, na bomba la mwamba wenye almasi lililokutwa chini lina eneo la hekta 146. Mwaka 1947 lilitoka jiwe la rangi ya waridi lenye karati 54.5, naye Williamson akalitoa zawadi ya harusi kwa Binti wa Mfalme Elizabeth wa Uingereza. Lilikatwa likabaki karati 23.6, likawekwa katikati ya bruchi yenye umbo la ua. Sisi tumebaki na shimo. Mtu aliyekulia karibu na shimo kama hilo hujifunza mapema kwamba kitu kizuri kikitoka hakirudi, na kwamba dawa yake ni ukuta, geti na askari wa kupekua. Hakuna jiwe linalotoka mgodini bila kupimwa na kuandikwa. Nami, bila kujua, nilikuwa nimejenga geti dogo katika droo yangu.

Lakini almasi haina nia. Haina mjomba Mwanza, haina ndoto, wala haiwezi kukuuliza asubuhi, "Mwalimu, barua yangu imefika wapi?" Hapo ndipo utetezi wangu unapoanza kuvuja.

Mwezi Desemba wa mwaka 1995, miezi michache tu kabla ya barua ile kunifikia, Mahakama ya Haki ya Ulaya ilikuwa imetoa hukumu katika shauri la mchezaji mmoja wa Ubelgiji, Jean-Marc Bosman. Mkataba wake na klabu ya RFC Liège ulikwisha mwaka 1990, akataka kwenda Dunkerque ya Ufaransa. Klabu yake, ambayo haikuwa tena na mkataba naye, ikadai fedha kabla ya kumwachia, na uhamisho ukakwama. Alihangaika mahakamani miaka mitano. Tarehe 15 Desemba 1995 mahakama ikasema kwamba mchezaji aliyemaliza mkataba ni mtu huru. Maelfu ya wachezaji wamepita katika mlango alioufungua, lakini yeye mwenyewe miaka yake mizuri ya mpira ilikuwa imekwisha. Mimi sikuwa na habari zake siku zile. Hata hivyo sidhani kama ningezijua ningebadilika, kwa sababu mtu mwenye droo huona kila mara kwamba kesi yake ni tofauti.

Miaka ya karibuni mpwa wangu anayeishi Marekani alinieleza habari iliyonirudisha kwenye karatasi yangu. Huko wana mpira wao, ule wa umbo la yai, unaochezwa sana na vyuo vikuu. Katika mchezo huo kuna mtu ambaye kazi yake ni kukabidhiwa mpira na kukimbia nao katikati ya ukuta wa watu wanaotaka kumwangusha. Kwa miaka mingi mwanafunzi mchezaji wa mpira huo aliyehama chuo kikubwa kwenda kingine alilazimika kukaa nje msimu mzima kabla ya kuruhusiwa kucheza. Mwaka 2018 ikaanzishwa orodha rasmi ya wanaotaka kuhama, na mwaka 2021 sheria ikalegezwa, mchezaji akaruhusiwa kuhama mara moja na kucheza pasipo kukaa nje.

Mwanzoni mwa mwaka huo huo wa 2021 alihama kijana mmoja aitwaye Kenneth Walker, mkimbiaji wa aina hiyo. Alikuwa amecheza misimu miwili Wake Forest, akaenda Michigan State. Katika mchezo wake wa kwanza huko, mara ya kwanza kabisa kukabidhiwa mpira, alikimbia yadi 75 bila kuangushwa. Tarehe 30 Oktoba alivuka mstari wa mwisho na mpira mara tano dhidi ya Michigan, wapinzani wakubwa wa jirani, na chuo chake kikashinda 37 kwa 33. Msimu ulipokwisha alikuwa amekimbia yadi 1,636, akapewa tuzo ya Doak Walker inayotolewa kwa mkimbiaji bora wa vyuo, na mwaka uliofuata akachukuliwa na timu ya kulipwa ya Seattle.

Mpwa wangu alisimulia kwa furaha. Mimi nilinyamaza kwenye simu mpaka akauliza kama mtandao umekatika. Nilikuwa nafikiria kwamba kama barua ya kijana huyo ingeangukia katika droo ya mtu kama mimi, hizo yadi 1,636 zisingekuwepo popote.

Lakini tusiwe wepesi. Wapo Wamarekani wanaolalamika kwamba utaratibu huo umevifanya vyuo vidogo kuwa vitalu vya vyuo vikubwa: chuo kidogo kinamtafuta kijana asiyejulikana, kinamfundisha, na akianza kung'aa kikubwa kinamchukua. Tena si kila anayehama anafanikiwa. Wengine wanajiandikisha katika orodha ile, hawapati chuo cha kuwachukua, na kule walikotoka nafasi zao zimeshajazwa. Malalamiko hayo nayajua. Ni yale yale niliyokuwa nayo mimi juu ya shule ya Mwanza, na siwezi kusema ni ya uongo. Shule ndogo inaumia kweli. Wenzake kijana waliobaki waliumia kweli pia; timu ni kama nyumba, ukichomoa nguzo moja wote wanalowa.

Sasa tufanyeje? Mpira wa kawaida, huu wetu, umejaribu kujibu. Tangu mwaka 2001 kanuni za FIFA zinasema kwamba mchezaji mwenye mkataba akiuzwa kutoka nchi moja kwenda nyingine, asilimia 5 ya fedha inakatwa na kugawanywa kwa klabu zote zilizomlea tangu msimu wa miaka yake 12 hadi wa miaka 23. Kila msimu una fungu lake: misimu ile ya utotoni robo ya asilimia moja, ya baadaye nusu. Naipenda kanuni hiyo, si kwa sababu ya fedha, maana klabu nyingi ndogo hazina hata karatasi za kuthibitisha kwamba zilimlea mtu. Naipenda kwa sababu inatenganisha mambo mawili ambayo mimi niliyachanganya. Inakubali kwamba mlezi anadai. Lakini inakataa kwamba deni hilo lilipwe kwa kumfunga mdaiwa. Zamani watu walipata kuwekwa rehani kwa sababu ya madeni, na leo tunaona haya kuyasimulia. Mimi nilimweka mtoto rehani kwa ajili ya jozi moja ya viatu na nusu fainali ya mkoa.

Kuna jambo jingine gumu zaidi, nalo linanihusu mwenyewe. Mwaka 1993 nilikuwa nikifundisha wilayani Kahama. Mke wangu alikuwa muuguzi upande wa Mwadui, na tulikuwa tumechoka kuishi mbalimbali. Niliomba uhamisho, nikaupata mwezi Agosti. Wanafunzi wangu wa kidato cha nne walikuwa wamebakiza miezi mitatu kufanya mtihani. Hakuna aliyeniambia kwamba nimewasaliti. Hakuna aliyeitia barua yangu drooni mpaka watoto wamalize. Walinifanyia sherehe ndogo, wakanipa shuka, nikapanda basi. Miaka mitatu baadaye nikamwambia mtoto wa watu kwamba uaminifu ni kubaki.

Huko Marekani pia, kwa miaka ile yote ambayo mchezaji aliyehama aliadhibiwa msimu mzima, kocha aliyemsajili aliweza kuondoka kwenda chuo chenye mshahara mnono na kuanza kazi siku ile ile. Na hapa kwetu, mchezaji akivunjika mguu ni mara ngapi klabu imesema, "Huyu ni wetu, tutabaki naye"? Timu yetu ya Mwadui ilipanda Ligi Kuu mwaka 2015, ikateremka mwaka 2021. Baada ya kuteremka kila mtu alikwenda kutafuta riziki yake, na hakuna aliyeshangaa. Nimejifunza kuitazama hukumu ya usaliti kwa kuangalia inaelekea upande gani. Ukiona siku zote inateremka kutoka kwa mwenye nguvu kwenda kwa asiye nazo, ujue hapo linasemwa neno uaminifu lakini linalolindwa ni faida.

Wala tusijidai kwamba kuhama ni desturi ya kigeni. Sisi Wasukuma tumewafuata ng'ombe mpaka Rukwa na Usangu kutafuta malisho, na aliyekwenda hakuitwa msaliti. Simba yenyewe, ambayo mashabiki wake humzomea anayehamia Yanga, ilizaliwa mwaka 1936 kutokana na watu waliojitenga na Yanga; baadaye ikaitwa Sunderland, na jina la Simba likaja mwaka 1971. Haruna Niyonzima wa Rwanda alitoka Yanga akaenda Simba mwaka 2017, na mwaka 2020 alikuwa tena na jezi ya Yanga. Nimepata kuona mtu akichoma jezi kwa hasira ya mchezaji kuhama. Nilitamani kumuuliza: ndugu yangu, kama waasisi wa klabu yako wangebaki walikokuwa, ungekuwa unashabikia nini leo?

Lakini mfano unaonifariji kuliko yote ni wa Mbwana Samatta. Mwaka 2011 Simba ilikutana na TP Mazembe ya Lubumbashi katika Ligi ya Mabingwa Afrika, Wakongo wakamwona, wakamtaka. Akaenda. Mwaka 2015 akawa bingwa wa Afrika akiwa na Mazembe, Januari 2016 akaenda Genk ya Ubelgiji, Januari 2020 akaingia Aston Villa, Mtanzania wa kwanza kucheza Ligi Kuu ya Uingereza. Tazama njia yake. Lubumbashi ni mji wa shaba. Genk ulikuwa mji wa makaa ya mawe. Amepita katika miji ya watu wa migodi, watu kama sisi, waliozoea kuona kitu kizuri kikitoka ardhini na kwenda zake. Tarehe 1 Machi 2020 alipofunga kwa kichwa Wembley dhidi ya Manchester City katika fainali ya Kombe la Ligi, timu yake ilifungwa 2 kwa 1. Hata hivyo Mbagala walisema wetu, Msimbazi wakasema wetu, na sina shaka Lubumbashi na Genk wapo waliosema hivyo hivyo. Jiwe lina mwenyewe mmoja. Mtu aliyeachiwa vizuri ana kwao kwingi, na kila alikopita kunabaki na sehemu yake pasipo kumpunguza mwingine.

Usinielewe vibaya, ndugu msomaji. Sisemi kwamba kijana wangu angekuwa Samatta. Pengine angefika Mwanza akaumia, au akakaa benchi, au akapenda starehe za mjini. Wengi huishia hivyo. Kwa muda mrefu nilijituliza kwa hoja hiyo: kwamba huenda sikumpotezea chochote. Lakini hoja hiyo ni mbovu. Kama angeshindwa, kushindwa huko kungekuwa kwake. Nilichomnyang'anya si ubingwa, bali haki ya kujaribu na kujua. Mpaka leo hajui, nami sijui, na sababu ya kutojua huko ni mimi.

Anayehama naye ana wajibu wake, sikatai. Aage. Aseme ukweli, asitoroke usiku na kuacha wenzake wakimtafuta asubuhi. Akumbuke waliomfunga kamba za viatu. Mzee anayeagwa vizuri hutoa radhi hata kama moyo unamuuma. Lakini yule kijana alitimiza hayo yote. Alikuja kwa adabu, akaleta barua kwa mkono wake, akasubiri.

Miaka miwili iliyopita pikipiki yangu iliharibika nikaikokota mpaka Maganzo. Fundi alikuwa yeye. Tumekuwa tukionana mara nyingi tangu aache shule, na kila mara hunisalimu kama zamani. "Shikamoo, Mwalimu." "Marahaba, mwanangu." Siku ile, alipokuwa ameinama anafungua kabureta, nikaona nikingoja zaidi nitaingia nalo kaburini. Nikamwambia. Nikamweleza habari ya droo, ya wiki saba, ya uongo wangu kwamba inashughulikiwa.

Hakuinua kichwa mara moja. Akafuta mikono kwa kitambaa, akasema, "Nilijua, Mwalimu. Siku moja ulinituma ofisini kuchukua chaki. Nikafungua droo, nikaiona."

Nikahisi miguu inalegea. Nikamuuliza ilikuwa kabla ya mashindano au baada. Akasema kabla. Alikuwa ameiona barua yake, akaifunika, akachukua chaki, akaniletea. Na wiki iliyofuata akaingia uwanjani akatuchezea mpaka nusu fainali.

"Kwa nini hukusema?"

"Ningesema nini, Mwalimu? Mwenye kalamu ulikuwa wewe."

Alikataa fedha ya ufundi. Nikamlazimisha, akapokea nusu.

Nimelitafakari jibu lake mara nyingi. Nilimzuia kwa ajili ya uaminifu, kumbe uaminifu alikuwa nao tayari, tena mwingi kuliko wangu. Alikuwa nao hata baada ya kujua nilichomfanyia. Sikuwa na haja ya droo. Kama ningesaini siku ile ya kwanza, angekwenda Mwanza, na nina hakika sasa kwamba kila likizo angerudi na kucheza na wenzake kwenye uwanja wetu wa vumbi.

Basi, ndugu msomaji, wewe uliye mzazi, mwalimu, kiongozi wa klabu au mwajiri: huenda leo iko barua mezani kwako ya mtu unayemhitaji, naye anataka kwenda. Una haki ya kuumia. Una haki hata ya kudai ulichotumia kumlea, kama kuna kanuni. Umshauri, umwombe abaki, umwambie ukweli wote unaoujua juu ya huko aendako. Ukishamaliza kusema, saini. Kalamu uliyopewa ni ya kazi, na mtoto aliyetumwa chaki anaweza kufungua droo wakati wowote.